Wasifu wa Marehemu Lissy Jomon, Aliyenyimwa Kazi kwa Shahada Ambayo Hakuwa Nayo

Marehemu Lissy Jomon, ambaye wengi wenu mlimwita Lissykutty na mimi nilimwita Shangazi, alizaliwa Jumapili tarehe 14 Novemba 1982 hapa hapa Thottakkara. Alikuwa mtoto wa pili na wa mwisho wa marehemu Pothan Ouseph na Eliyamma Pothan, Bibi yangu, ambaye yuko nasi. Alizaliwa nyumbani wakati misa ya kwanza ikiendelea, na Bibi anasema kengele za kanisa ndizo zilizomtoa. Kaka yake wa pekee, Thankachan, ambaye ndiye baba yangu, alikuwa na miaka sita. Alipoonyeshwa mtoto aliuliza kama inawezekana kumrudisha, waletewe ndama. Habari hiyo ya ndama ni Baba mwenyewe aliyeniambia niiandike. Alisema tuanze na kucheka kidogo, kwa sababu huko mbele hakuna cha kucheka sana.

Marehemu alianza masomo mwaka 1988 katika shule ya msingi ya parokia, iliyo nyuma ya kanisa hili, kisha akaendelea na sekondari ya wasichana. Mwaka 1998 alifaulu darasa la kumi kwa daraja la kwanza. Mwaka 2000 alimaliza darasa la kumi na mbili katika shule ya serikali mjini Pala. Mwaka huo bei ya mpira ilikuwa chini, na Babu Pothan alikuwa ameumia mgongo akibeba maziwa ya mpira, ule utomvu wa miti, kutoka shamba la bondeni. Nyumba ilikuwa na uwezo wa kumsomesha mtoto mmoja tu, na mtoto huyo alikuwa ni Baba, ambaye tayari alikuwa chuoni akisomea ufundi wa umeme. Marehemu akarudi nyumbani na vitabu vyake. Mimi nilimwuliza siku moja kama alilia. Alisema hakulia, ila kilichomuudhi ni kwamba kitabu chake cha historia kiliishia siku Waingereza walipoondoka, na yeye alitaka kujua ikawaje baada ya hapo.

Alifanya kazi miaka michache katika duka la nguo mjini Pala. Tarehe 23 Januari 2006, siku ya Jumatatu, alifunga ndoa takatifu katika kanisa hili na Bwana Jomon Kuruvilla, mgema mpira kutoka ng'ambo ya mto. Siku Mjomba Jomon alipoletwa kumwona binti, aliwekewa chai na ndizi za kukaanga, na wazee wakawaacha peke yao kidogo ukumbini. Bibi alikuwa nyuma ya pazia, kwa hiyo maneno haya tumeyapata sawasawa.

"Umesoma mpaka wapi?" Shangazi ndiye aliyeanza.

"Mimi sikuacha shule," Mjomba akasema. "Darasa la nane ndilo lililoniacha."

"Mimi nataka kusoma zaidi."

"Soma tu. Mimi naamka kabla ya jogoo kwenda kugema. Taa itakuwa inawaka hata hivyo."

Mungu aliwajalia mtoto mmoja, Ebin, aliyezaliwa tarehe 3 Oktoba 2007.

Mwaka 2008 Marehemu aliajiriwa kwa muda kama mhudumu katika hospitali ya mifugo ya serikali. Alifagia, alichemsha sindano, alishika ng'ombe. Wenye ng'ombe mliopo hapa mnakumbuka. Ng'ombe akigoma, daktari alikuwa anatoka mlangoni na kuita, "Lissy, njoo uzungumze na huyu mama." Shangazi alimshika pembe na kumnong'oneza habari za mtaani, nani ameposa, nani amegombana na mkwewe, na ng'ombe alisimama kimya kusikiliza mpaka sindano ikaisha. Lakini kazi ya muda ni kazi ya muda. Kila baada ya miezi michache aliachishwa, akakaa nyumbani, akaitwa tena, ili asije akahesabiwa kuwa wa kudumu. Aliishi hivyo miaka kumi.

Ilikuwa katika miaka hiyo alipojiandikisha kusoma shahada ya historia kama mtahiniwa wa kujitegemea. Alfajiri alimfuata Mjomba shambani na tochi kichwani. Mjomba alikata gome la miti, yeye alisoma kwa sauti. Mjomba ana darasa la saba lakini ukimwuliza habari za mapinduzi ya Wafaransa atakueleza mpaka uchoke. Mwezi Machi 2017 Shangazi alifanya mitihani ya mwisho.

Sasa nafika kwenye habari ya bango. Baba amesoma sehemu hii kabla hatujapeleka kuchapisha, na amesema iachwe kama ilivyo.

Mnajua desturi yetu. Mtoto wa mtaa akifaulu mtihani, picha yake inawekwa njia panda kwenye turubai kubwa, na jina, na maneno ya hongera. Mwaka ule sikukuu ya parokia ilikuwa mwanzoni mwa Mei, na Baba alikuwa katibu wa chama cha vijana, ingawa alikuwa na miaka arobaini. Alikwenda Pala kuchukua bango la sikukuu. Mchapishaji akamwambia, "Kaka Thankachan, turubai limebaki kipande kizuri. Nikikate nitupe?"

"Usitupe. Muweke dada yangu."

"Kafanya nini dada yako?"

"Kamaliza B.A."

"Matokeo yametoka?"

"Yatatoka. Wewe chapa."

Basi likasimamishwa njia panda, kando ya bango la mtakatifu, karibu ukubwa uleule: "Hongera Lissy Jomon, B.A. Historia. Fahari ya Thottakkara. Mei 2017." Shangazi aliliona kutoka dirishani mwa basi akirudi kutoka kazini. Alishuka na kuja moja kwa moja kwetu. Mimi nilikuwa mdogo sana, lakini mama yangu anasema hata viatu hakuvua.

"Kaka, umeniua."

"Kukuua vipi? Umependeza."

"Matokeo hayajatoka. Nikifeli je?"

"Wewe? Ufeli?" Baba akacheka. "Hebu kula fenesi."

"Lishushe."

"Sikukuu ikiisha nitalishusha."

Lakini kabla sikukuu haijaisha watu walikuwa wameshaanza kumpongeza. Waliokuja na mikungu ya ndizi walikuja, na Bibi aligawa jalebi mtaa mzima, na daktari wa mifugo alimpa kalamu. Baada ya hapo nani angelishusha. Kulishusha kungekuwa kama kutangaza kwamba amefeli. Likabaki.

Mwezi huohuo tume ya ajira ya serikali ilitangaza nafasi za wahudumu wa ngazi ya chini katika ofisi na hospitali za wilaya. Hii ilikuwa kazi ileile aliyokuwa akiifanya, ila ya kudumu, yenye likizo na pensheni. Tangazo kama hilo halitoki kila mwaka, na ukomo wa umri ni miaka thelathini na sita. Yeye alikuwa na thelathini na minne. Lile ndilo lililokuwa tangazo lake la mwisho, na alilijua hivyo. Masharti yalikuwa mawili: mwombaji awe amefaulu darasa la saba, na asiwe na shahada. Nilipokuwa mdogo nilifikiri sharti la pili ni kosa la uchapaji. Wakili wa Shangazi alinieleza baadaye. Wenye shahada wanakosa kazi zao, wanashuka na kuchukua kazi za wasiosoma, na wasiosoma hawana pa kushukia. Kwa hiyo serikali imefunga mlango huo kwa ajili yao. Nilimwuliza Shangazi kama sharti hilo lilimkera. Alisema, "Linanikera, ila si baya."

Siku ya mwisho ya kupokea maombi ilikuwa tarehe 14 Juni 2017. Shangazi alimwuliza Baba, "Leo hii mimi nina shahada?"

"Leo huna."

"Basi leo naomba."

Alituma maombi tarehe 2 Juni na kujaza ukweli, kwamba elimu yake ni darasa la kumi na mbili. Matokeo ya shahada yalitoka tarehe 28 Julai. Alikuwa amefaulu masomo yote isipokuwa uchumi. Alipata sapu moja. Hakumwambia mtu yeyote ila mume wake. Mtaa mzima uliendelea kumwita B.A., na yeye aliendelea kuitika.

Mwaka uliofuata alirudia karatasi ile ya uchumi, na Septemba 2018 akafaulu. Wengi wameuliza, na hata gazeti liliuliza, kwa nini aliirudia hali alikuwa anasubiri kazi isiyotaka shahada. Jibu lake mimi nililisikia. Alisema kila akipita njia panda jina lake lilikuwa linasema uongo juu ya kichwa chake, na bango hakuweza kulishusha, basi akaona alifanye liseme kweli. Kisheria hakuwa na wasiwasi, kwa sababu kinachotazamwa ni hali ya mwombaji siku ile ya mwisho ya maombi. Juni 2017 hakuwa na shahada. Aliamini hilo linatosha.

Mtihani wa tume aliufanya Januari 2018. Orodha ya waliofaulu ilitoka tarehe 29 Juni 2018 na yeye alikuwa wa arobaini na moja wilayani. Orodha kama hiyo inaishi miaka mitatu. Nafasi zinapopatikana watu wanaitwa kwa kufuata namba, na siku miaka mitatu ikitimia orodha inakufa na wote waliobaki humo. Februari 2019 aliitwa kuhakikiwa vyeti. Nyumbani tulikata keki. Ebin aliuliza kama sasa mama atapumzika Jumapili, na Shangazi akamwambia Jumapili zote.

Mwezi Machi ikafika barua kwamba ameondolewa kwenye orodha kwa kuficha shahada. Kuna mtu aliyepeleka malalamiko bila jina, pamoja na picha ya bango. Picha ilionyesha wazi: B.A., Mei 2017. Maombi yalikuwa ya Juni.

Nilikuwa na miaka tisa. Nilimwuliza, "Shangazi, nani aliyepeleka picha?"

"Mtu aliye chini yangu kwenye orodha, nadhani."

"Unamjua?"

"Simjui. Ila atakuwa na watoto."

Baba ndiye aliyemtafuta wakili, na walikwenda pamoja mjini. Wakili Sreedevi, ambaye yuko nasi leo, alizisoma karatasi zote, akazifunga, akatabasamu.

"Dada Lissy, kesi yako ni rahisi. Mahakama ithibitishiwe tu kwamba ulifeli."

Baba akadakia, "Kufeli? Hakufeli mtu hapa. Kesi ni kwamba matokeo yalikuwa hayajatoka."

Wakili akamtazama Shangazi. Shangazi akatazama feni.

"Ulifeli?" Baba akauliza.

"Uchumi."

"Lini?"

"Julai ileile."

Baba alizivuta zile karatasi akaziangalia. Kisha akasema, "Na zile jalebi?"

"Zilikuwa tamu, Kaka."

Kesi ilifunguliwa Aprili 2019, na ndipo ninyi nyote mlipojua. Kitu alichokificha miaka miwili kwa aibu sasa alilazimika kukipigania mbele ya majaji, na kukilipia wakili akieleze kwa ufasaha. Dukani walimtania. "Lissy, ulifeli kweli au ni kwa ajili ya kesi?" Yeye alijibu, "Nilifeli kweli, nina ushahidi." Hakukasirika. Lakini Bibi aliacha kwenda misa ya pili kwa muda, akawa anakwenda ya kwanza, wakati kuna giza bado na watu hawasimami kuzungumza. Baba alitaka kwenda kuapa mahakamani kwamba bango lilikuwa kosa lake peke yake, na kweli aliapa, katika karatasi yenye mhuri. Upande wa tume walijibu kwamba ndugu hawezi kusema tofauti.

Kesi iliitwa, ikaahirishwa, ikaitwa, ikaahirishwa. Kisha ukaja ugonjwa ule uliofunga dunia nzima. Hukumu ilitoka tarehe 17 Novemba 2020. Jaji alisema bango si cheti, na kwamba mtu hapati shahada kwa kupongezwa. Alisema siku ya mwisho ya maombi mwombaji hakuwa na shahada, kwa hiyo arudishwe kwenye orodha. Tulipika muhogo na samaki wa mchuzi mwekundu, majirani wakaja na vifuniko vya pua, tukakaa mbalimbali uani na kula. Shangazi alipimwa sare kwa fundi, kwa matumaini.

Tume ilikata rufaa, na hukumu ikasimamishwa mpaka rufaa isikilizwe. Hilo ndilo neno nililojifunza mwaka ule, kusimamishwa. Mtu ameshinda, na ushindi wake umeambiwa usubiri nje. Wakili Sreedevi aliomba rufaa isikilizwe haraka kwa sababu orodha inakufa. Aliomba tena. Aliomba walau nafasi moja ihifadhiwe. Tarehe 28 Juni 2021 miaka mitatu ilitimia. Siku hiyo hapakuwa na la kufanya. Hapakuwa na mlango wa kugonga wala mtu wa kumwomba. Tulikaa barazani kwa Bibi, wote, mvua ikinyesha, kama tulivyokaa juzi. Jioni Shangazi akasimama akasema, "Haya, imeshakufa. Nani atakula?"

Rufaa ilisikilizwa Agosti 2023. Shule zilikuwa zimefungwa kwa ajili ya sikukuu ya Onam, nikaruhusiwa kwenda naye. Nilikuwa sijawahi kuingia mahakamani. Nilifikiri Shangazi ataitwa aseme, na nilikuwa nimemshauri maneno mazuri ya kusema. Hakuitwa. Tulikaa benchi la nyuma kabisa na yeye hakuulizwa hata jina. Wakili wa tume alisema, "Waheshimiwa, mlalamikaji ana shahada. Hilo halikanushwi."

Jaji mmoja akasema, "Leo anayo. Hatubishani juu ya leo."

"Lakini, Mheshimiwa, hata akishinda, ataajiriwa kwa orodha ipi?"

Jaji aliinamia faili lake. Aliandika kitu. Shangazi alinishika mkono nikamtazama, na nikajua kwamba ameelewa kabla ya sisi wote. Nje, kwenye mgahawa wa mahakama, aliagiza chai na bajia za dengu, akala zake na nusu ya zangu. Akaniambia, "Umewaona wale majaji? Wamesoma faili lote. Walijua mpaka jina la kijiji." Alikuwa amefurahi kusomwa.

Hukumu ilitoka tarehe 12 Oktoba 2023. Wakili alipiga simu nyumbani, tukafungua spika wote wasikie.

"Dada Lissy, tumeshinda."

"Naanza lini?"

"Hakuna kuanza."

Shangazi aliisogeza simu karibu, na Wakili akaendelea.

"Wamesema ulikuwa na sifa. Wamesema kukuondoa kulikuwa kinyume cha sheria. Lakini orodha imekwisha, nafasi zimejaa, na waliozishika hawakuwa na kosa. Hawawezi kuwatoa."

"Kwa hiyo tumeshinda nini, Wakili?"

"Kwamba ulikuwa na haki ya kuomba."

Shangazi alimshukuru, akamwuliza habari za mama yake mgonjwa, akakata simu. Mimi nimeisoma hukumu hiyo mara nyingi. Kurasa zote zinamsifu isipokuwa ule wa mwisho. Mtu akinieleza huo ukurasa wa mwisho kwa lugha ya darasa langu nitamshukuru. Wakili Sreedevi amejaribu, na nilimwona naye akichoka katikati.

Alikuwa na miaka arobaini. Kwa kazi ya mhudumu umri ulikuwa umepita, na shahada alikuwa nayo. Kwa kazi za wenye shahada umri ulikuwa umepita pia. Hospitali ya mifugo ilikuwa imeshapata mhudumu wa kudumu kutoka kwenye orodha. Shangazi akachukua kisu cha pili cha Mjomba Jomon na kuanza kugema naye. Alasiri alitufundisha historia mimi na watoto wa jirani, kuanzia siku Waingereza walipoondoka. Tulifika mwaka 1984.

Mvua za mwaka huu mmeziona. Marehemu alianza homa tarehe 29 Juni. Alidhani ni ya kawaida akanywa maji ya pilipili manga, na kesho yake akaenda tena shambani, kwa sababu miti ilikuwa imeshafungwa vifuniko vya plastiki vya kukinga mvua, na mvua yenyewe ilikuwa imepungua. Tarehe 3 Julai macho yalikuwa ya njano, tukampeleka hospitali kubwa ya serikali. Madaktari walisema ni homa ya mgunda, ile inayotoka kwenye maji yenye mkojo wa panya, na kwamba imefika kwenye figo. Walifanya yote waliyoweza, tunawashukuru. Sisi hatukuwa na la kufanya ila kukaa. Mjomba alikaa upande wa kichwa na Ebin upande wa miguu.

Kuna jambo lililotokea hospitalini ambalo naandika kwa ruhusa. Mhudumu mmoja mwanamke alikuwa anamsukuma Shangazi kwenye kitanda cha magurudumu kumpeleka kwenye vipimo, na mimi nilikuwa nashika chupa ya maji ya dripu.

"Dada, jishikilie, hapa pana kizingiti," mhudumu akasema.

Shangazi akamwuliza, sauti ikiwa chini sana, "Uliajiriwa kwa orodha ipi?"

"Ile ya mwaka kumi na nane."

"Mimi nilikuwa wa arobaini na moja."

Kitanda kikasimama katikati ya njia. "Wewe ndiye Lissy wa bango?"

"Ndimi."

Mhudumu akataja namba yake, ambayo siiandiki. Ilikuwa baada ya arobaini na moja. Akasema, "Basi pengine nimekalia kiti chako."

"Kwani wahudumu wana viti?"

"Hawana."

Wakacheka, Shangazi akakohoa, tukasubiri. Kisha akamwuliza kazi ikoje. Alitaka kujua kila kitu: sare ni nzito, zamu zinapangwaje, Jumapili wanapata. Mhudumu alimjibu yote polepole akisukuma, kama mtu anayempa mgeni habari za kwao.

Kesho yake alikuja kubadilisha shuka. Mjomba alikuwa amekwenda kunywa chai. Mhudumu akainama na kusema, "Dada, nina jambo. Mimi nina M.A."

Shangazi akafumbua macho.

"Niliipata kabla ya kuomba. Sikuijaza. Hakuna aliyejua, na kila mtu akisimama nyuma yangu nadhani amekuja na picha."

Nilidhani Shangazi atakasirika. Mimi nilikuwa nimeshakasirika. Yeye alimtazama tu, akamwuliza, "Ilikuwaje usijulikane?"

"Kwetu hakuna mtu aliyefurahi kiasi cha kuweka bango."

Shangazi alimshika mkono. Mhudumu akamaliza kutandika shuka. Alipoondoka, Shangazi akaniambia, "Habari ya M.A. usimwambie baba yako. Habari ya bango mwambie."

Nilimwambia Baba jioni ile, kwenye ngazi za hospitali, kwamba kuna watu ambao kwao hakuna aliyefurahi kiasi cha kuweka bango. Mnajua alikuwa hajapita njia panda kwa miguu tangu mwaka 2019. Alikaa chini. Na jana mhudumu yule alipokuja msibani, nilimwuliza kama naweza kuandika na yale mengine. Alisema, "Andika. Tuko wengi. Hawatajua ni yupi."

Marehemu alifariki Jumanne tarehe 9 Julai 2024, saa kumi na dakika ishirini alasiri, akiwa na miaka arobaini na mmoja. Alikuwa amepokea sakramenti zote.

Ameacha mume, Jomon Kuruvilla. Mwana mmoja, Ebin, aliye darasa la kumi na mbili. Mama, Eliyamma Pothan. Kaka, Thankachan Pothan, na mkewe Shiny. Na mpwa mmoja, Ann Treesa Thankachan wa darasa la kumi, niliyeandika wasifu huu. Kwenye fomu ya msiba walituuliza kazi ya marehemu. Tulikaa nayo mezani muda, kila mtu akimsukumia mwenzake kalamu. Mwisho Baba aliandika: mhudumu.

Apumzike kwa amani ile ambayo sisi, kwa kuhangaika kwetu kote, hatukuweza kumpatia.